Kisichotafuna Sikipigi

Mimi Asmahani nilikuwa nife mwaka 1999, siku ya Jumatano, nikiwa nimepiga magoti katikati ya mahindi yangu mwenyewe. Sikufa kwa sababu ya Mzee Shaame. Watu wa Mwera wanamkumbuka kama mlinzi wa mashamba aliyewafukuzia nguruwe mwitu kwa zaidi ya miaka thelathini, na wanapomsifu nakaa kimya, kwa maana sifa yake kubwa kuliko zote naijua mimi na kuisema ni kujivua nguo. Sasa yeye hayupo, Bi Chiku aliyeniponza naye hayupo, na mimi ni mstaafu nisiyeogopa kuchekwa. Basi nitasema.

Nilifika Mwera mwaka 1984, msichana wa mjini, wa Ngamiani, mwenye cheti cha kilimo na ulimi mkali. Nilikuwa bibi shamba, ndivyo walivyoniita, na mpaka leo wako wasiolijua jina langu. Dukani hakukuwa na kitu. Sabuni ilikuwa ndoto, mafuta ya taa yalipangiwa foleni, na betri za tochi ulizisikia tu kwa watu waliotoka Mombasa. Nguruwe hawakujua habari ya uhaba. Walishuka kutoka vichaka vya mkonge uliotelekezwa, kundi la kumi au kumi na tano, na asubuhi ukikuta mabua yamelala ungedhani trekta limepita.

Mlinzi wa mashamba wakati huo alikuwa huyo Shaame, mtu wa Pemba aliyekuja ujanani kutafuta kibarua cha mkonge akasahau kurudi. Mwembamba, mrefu, kofia ya viua imefifia mpaka maua hayaonekani. Alikuwa na gobore la kijiji, na kwa vile risasi hazikupatikana, alilishindilia vipande vya nondo. Nilimuuliza siku ya kwanza, kwa jeuri yangu ya chuoni, anawindaje usiku bila tochi.

"Shikamoo kwanza," akanikumbusha.

Nikatoa shikamoo, nikaona haya. Akaitikia marahaba kwa upole, akaniambia nije nikae naye nisikilize.

Nilikaa naye usiku mmoja juu ya dungu, kile kibanda cha miti cha kulindia. Alikuwa ametangulia kurusha vumbi hewani kuona upepo unakwenda wapi, akachagua upande ambao harufu ya konde inatujia sisi, si yetu kulijia konde. Kisha akafumba macho. Wallahi alifumba, nilimwona kwa mbalamwezi. Baada ya saa nzima ya mbu, akaninong'oneza kwamba wameingia watatu, mmoja dume, na dume ni yule anayevunja bua kisha akatulia kusikiliza kabla ya kula. Mimi nilisikia majani tu. Akangoja. Nikamsukuma kwa kiwiko, mbona hapigi?

"Hajatafuna," akasema. "Ng'ombe aliyekata kamba anavunja bua. Mwivi wa mahindi anavunja bua. Wote hao hawasimami gizani wakatafuna na maganda. Kisichotafuna sikipigi."

Kisha lile dume likatafuna, nami nikalisikia, meno kabisa. Gobore likalia, na palipopambazuka mzoga ulikuwa pale. Yeye hakuusogelea. Nguruwe kwake alikuwa najisi mzima na najisi mfu, kwa hiyo kazi yake iliishia kwenye mlio. Vibarua wa mkonge, watu wa bara, walikuja na kamba wakamburuta mnyama wao huku wakimshukuru. Katika miaka ile ya shida, sisi Waislamu wa Mwera tulikula kisamvu na dagaa, na wenzetu wakala nyama kwa mkono wa Mzee Shaame. Nilimtania kwamba amekuwa bucha ya makafiri. Akacheka sana.

Usiku ule nilimpenda yule mzee, nasema wazi. Ni hiyo inayonifanya nione aibu zaidi kwa yaliyofuata.

Mambo yalifunguka. Miaka ya tisini maduka yakajaa, betri zikauzwa hata na watoto, mitumba ikashuka kwa marobota, na kila mtu akawa na redio inayopiga kelele mpaka Mzee Shaame akalalamika kwamba hasikii tena konde. Vichaka navyo vikanenepa. Baada ya zile mvua kubwa za mwaka tisini na saba kuingia tisini na nane, nguruwe walizaana kana kwamba nao wameruhusiwa biashara huria.

Na Mzee Shaame akaanza kurudi mikono mitupu. Miezi ikapita, gobore halijalia. Alikwenda kila usiku bila kukosa. Tulimsikia akipiga debe na kuguta, nguruwe wakahama konde hili wakaingia lile, lakini mzoga hakuna. Watu wakaanza kunung'unika. Mimi nilinung'unika kuliko wote, maana mwaka huo nilikuwa nimepanda shamba la mfano, eka moja ya mbegu chotara niliyoisifia mikutanoni mpaka koo likanikauka. Nguruwe waliisikia sifa yangu wakaja kuthibitisha. Kila asubuhi nilihesabu mistari iliyolala, na wakulima wakipita njiani waliniuliza kwa adabu ya kuudhi, "Bibi shamba, mbegu yako hii inaliwa ikiwa mbichi?"

Hapo ndipo alipokuja Laurenti. Alikuwa Mbondei wa Muheza, askari wa wanyama aliyeajiriwa na kampuni ya wawindaji iliyokuwa imepewa pori upande wa kusini. Mgeni mmoja wa kampuni alikuwa amewaachia darubini ya ajabu ya kufunga juu ya bunduki, na Laurenti akaruhusiwa kuijaribia kwa nguruwe wa kijiji chetu. Aliileta ofisi ya kijiji baada ya swala ya isha, ameifunga kwa taulo kama mtoto mchanga.

"Hii haihitaji mwanga," alitueleza. "Inaona joto. Chenye damu kinang'aa cheupe, kisicho na damu kinabaki cheusi."

Aliifungua kutoka kwenye bunduki tukapokezana. Mimi nilitazama zizi la mbuzi la jirani, mahali penye giza totoro, nikawaona mbuzi wote weupe, hata pumzi zao. Nikaona kuku juu ya mti. Nikaona mahali ambapo mtu alikuwa amekalia jiwe akaondoka, na jiwe bado limebaki na uweupe wa makalio yake. Bi Chiku, mama mwenye nyumba niliyopanga, aliona paka juu ya paa akasema kitu hicho kisiachwe karibu na wanaume.

Laurenti akaichukua abadili betri, akakifunika kioo chake cha mbele kwa kifuniko cha mpira, akaiweka chini, na mwenyekiti akamwita pembeni. Mtu mwingine akaiokota na kumpa Mzee Shaame. Mzee akaiweka jichoni kwa mikono miwili, akakaa nayo muda mrefu. Watu wote walingoja neno lake.

"Mashaallah," akasema. "Nawaona mbuzi."

Watu wakafurahi. Mimi niliyekuwa ubavuni kwake niliona kifuniko kiko palepale. Alikuwa anatazama mpira mweusi.

Nikaipokea kutoka mkononi mwake, nikakitoa kifuniko taratibu nisionekane. Nikamtazama usoni, karibu, kama nilivyokuwa sijamtazama kwa miaka. Mboni za macho yake zilikuwa na ukungu wa maziwa. Mtoto wa jicho, tena wa kukomaa, macho yote mawili. Yeye akageukia upande wa sauti ya Laurenti, akauliza kwa heshima kabisa:

"Mwanangu, na kusikia, inasikia?"

"Haisikii, mzee."

"Inanusa?"

Ofisi nzima ikaangua kicheko. Mimi sikucheka. Nilikuwa nimekasirika, kwa kuwa sipendi kudanganywa mbele ya watu, na kwa kuwa nilijua maana yake: kijiji kilikuwa kimempa kipofu bunduki atembee nayo usiku. Mkutano wa kijiji ulikuwa Ijumaa. Niliandika karatasi yangu usiku uleule, hoja nne zenye namba, kwamba Mzee Shaame anyang'anywe gobore na ulinzi apewe mwenye macho. Sikumfuata nyumbani kumuuliza neno. Hilo ndilo kosa langu la kwanza.

La pili lilikuwa Jumatano. Laurenti na mzee walikuwa wamekubaliana kwenda pamoja upande wa mtoni, Laurenti na darubini yake, mzee kama mwenyeji wa kuonyesha mapito. Shamba langu liko upande mwingine kabisa. Mchana nilikuwa nimekuta mistari mingine sita chini, nikakaa kwenye tuta nikalia. Bi Chiku alinikuta nalia. Akaniuliza kama elimu yangu imekwisha au bado ina salio.

"Imekwisha," nikamwambia.

"Basi zindika shamba, mwanangu. Mama zetu walizindika."

Mimi niliyekuwa nikisimama mbele ya wakulima kila msimu, nikiwaambia waache kuzika hirizi na wapalilie kwa wakati, nilimsikiliza mpaka mwisho. Dawa yenyewe ilikuwa hivi. Uvae kaniki. Uchukue chetezo chenye makaa na ubani. Uingie palepale wanapoingia nguruwe, utambae kama wanavyotambaa wao, kwa magoti na mkono, ukisukuma chetezo mbele yako, mpaka ulizunguke shamba zima, ili njia yao iwe imekwisha kupitwa na mwenyewe. Na usitoe neno. Hata akikuita mama yako mzazi, usiitike, maana ukifungua mdomo zindiko linageuka, na nguruwe watakufuata mpaka nyumbani.

Niliingia kwenye tundu ambalo nguruwe walilitoboa katika ua wa shamba yapata saa nne usiku. Chetezo kilikuwa cha mama, cha udongo uliopakwa chokaa, mguu mmoja umemeguka. Nilikuja nacho kutoka Ngamiani na hakuna mwanamke Mwera asiyekijua. Nilitambaa. Mawe yaliniingia magotini, kaniki ikanasa, moshi ukanijaa machoni. Nilikuwa nimemaliza upande mmoja na kukata kona niliposikia mtu akinong'ona ng'ambo ya ua, si mbali, kama hatua thelathini.

"Huyu hapa. Mkubwa. Kichwa kinawaka kabisa."

Ilikuwa sauti ya Laurenti. Upepo ulikuwa umegeuka jioni ile, ukaharibu upande wa mtoni, na mzee akamleta huku. Nikaganda. Nilielewa papo hapo anachokiona, maana siku tatu kabla nilitazama ndani ya kile kioo mimi mwenyewe. Kitu cheupe cha miguu minne, chini, kimepenya kwenye tundu la nguruwe, na mbele yake moto wa chetezo.

"Anatafuna?" Hiyo ikawa sauti ya Mzee Shaame.

"Hatafuni. Amesimama, ametusikia."

"Kisichotafuna sikipigi."

"Wewe hupigi, mzee. Mimi namwona."

"Uliza kwanza."

"Niulize nguruwe?"

"Uliza."

Laurenti akapaza sauti, kwa aibu ya mtu anayefanyishwa upuuzi. "Nani hapo?"

Na mimi, mwenye cheti cha serikali, sikuitika. Leo nikikumbuka napiga kofi paja langu. Ulimi ulikuwa mzito kwa vitu viwili, na sijui hadi sasa kipi kilizidi: hofu ya zindiko kugeuka, au hofu ya asubuhi kijiji kizima kusema bibi shamba amekamatwa akitambaa na ubani. Laurenti akauliza mara ya pili. Nikaubana mdomo kwa kiganja. Nikasikia chuma kikigonga chuma.

"Umeridhika?" Laurenti akamuuliza mzee.

Nikasikia mtu akivuta hewa kwa pua, mara mbili, taratibu, kama mpishi aliyefunua sufuria.

"Toa kidole," akasema Mzee Shaame. "Huo ubani. Nguruwe hajifukizi."

Laurenti alikuwa mvutaji mkubwa wa sigara na pua yake ilishakufa zamani. Aliniambia baadaye, bila kujua anamwambia nani, kwamba hakumwamini. Alikuwa bado ameweka jicho, bado anataka kubonyeza, ndipo mzee alipopapasa bunduki mpaka mwisho wa darubini akaziba kioo kwa kiganja chake. Mle ndani mote mkawa mweupe.

Kisha mzee akasema kwa sauti ya kawaida, kuelekea kondeni, kama anayepita mlango wa jirani. "Mwenye shamba, weye maliza shughuli yako. Sisi tunakwenda zetu."

Hakuniita jina. Hakunitaka niitike. Hakuja kutazama, wala hakumwacha Laurenti atazame tena, nilisikia akimvuta mkono na kumhimiza, mpaka hatua zao zikapotea. Alijua shamba ni la nani. Kila tuta la Mwera alilijua. Na alijua kwamba anayezindika hatakiwi kusema, kwa hiyo alinilindia uhai wangu na kimya changu kwa pamoja. Nilinyanyuka nikakimbia. Chetezo nilikiacha.

Asubuhi nilitoka alfajiri nikakifuate kabla watu hawajaamka. Nilipofungua mlango nilikikuta kizingitini. Kilikuwa kimeoshwa, majivu yametolewa, na kimefunikwa kawa juu kama sahani ya futari.

Ijumaa nilikwenda mkutanoni na karatasi yangu nimeifunga kwenye pindo la kanga. Sikuwa nimeamua chochote. Niliona kwamba hoja zangu bado ni za kweli, kipofu ni kipofu, na niliona pia kwamba nikizisema nitakuwa mtu wa hovyo kuliko wote waliowahi kukaa chini ya paa lile. Mwenyekiti aliposoma ajenda ya ulinzi, Mzee Shaame akasimama kabla ya mtu yeyote. Alikuwa amekuja na gobore.

"Jamani, macho yangu yamekwisha," akasema. "Tangu Ramadhani siwaoni. Nawatambua kwa kukohoa."

Watu wakadhani anatania. Akalinyoosha gobore mbele, mwenyekiti alipokee. "Na tangu Ramadhani hili halina kitu ndani. Lichungulie, utazame. Nilikuwa natoka nalo mlale usingizi tu. Nguruwe niliwafukuza kwa debe. Mtu asiyeona hapigi."

Mwenyekiti alilichungulia. Lilikuwa limeota kutu ndani. Miezi yote ile, mzee wa zaidi ya miaka sitini alikuwa anakwenda kila usiku mbele ya madume yenye pembe mdomoni, haoni, hana kitu ila debe na fimbo na chuma kitupu begani. Sisi tulikuwa tunamnung'unikia kwa kukosa shabaha.

Akaendelea. "Mmoja wenu alijua. Bibi shamba alijua tangu siku ile ya darubini, nilimsikia akitoa kifuniko. Angeweza kunifedhehi palepale, akanihifadhi. Mwenyezi Mungu amhifadhi naye."

Wakanigeukia wote, wananitazama kwa mapenzi. Nikaikamata karatasi pindoni. Nimewahi kufiwa na nimewahi kuibiwa, lakini sijawahi kujisikia mdogo kama dakika ile, nikisifiwa kwa wema ambao sikuwa nao na mtu aliyekuwa nao wote. Nilitaka nisimame niseme. Nilisimama kweli, machozi yakanizuia, watu wakaona ni huruma, nikakaa.

Aliyesema ni Laurenti. Alisema kwa kifupi, akitazama kiatu chake, kwamba darubini ni nzuri lakini yeye hatarudi kondeni bila Mzee Shaame. Hakueleza sababu. Mwenyekiti akaandika.

Wakawinda pamoja misimu sita, yule Mbondei na jicho lake la joto, na yule Mpemba na masikio na pua yake. Laurenti aliacha sigara kwa amri ya mzee. Utaratibu ukawa kwamba hakuna risasi mpaka mzee aseme "anatafuna", na kwa miaka yote ile Mwera hakupigwa ng'ombe, mwivi, mlevi wala mwanamke mwenye siri zake. Nyama waliendelea kuchukua vibarua. Mahindi yangu yalipona kuanzia msimu uliofuata, na hotuba zangu za kuwakataza watu hirizi zikawa fupi zaidi.

Mwaka 2006 aliugua kifua, akawa halali ila ameegemezwa mito. Nilikwenda kumwona kila nilipotoka kazini. Siku moja tulikuwa peke yetu chumbani, nikasema kile ambacho nilikuwa nimekibeba miaka saba.

"Mzee, ile Jumatano. Nilikuwa na karatasi ya kukushitaki. Nilikuwa nimekwisha kuiandika."

"N'najua," akasema. "Ulikuwa ukiishika pindoni mkutano mzima, inalia kwacha kwacha."

Nikalia. Akaningoja nimalize, kisha akanyoosha mkono akaupata wangu kwa mara ya kwanza tu, bila kupapasa.

"Usinishukuru kupita kiasi, mwanangu. Ningekuwa na macho yangu siku ile, ningetazama mle ndani kama Laurenti. Ningeona nguruwe. Ningekuua."

Nilikwenda nyumbani nikarudi na chetezo cha mama, nikapuliza makaa, nikamfukizia chumba. Akavuta hewa kwa pua mara mbili, taratibu, akauliza ubani huu nimenunua kwa nani, kwa maana ule wa siku ile ulikuwa mbaya.